Fedha za Zawadi za Bi Tatu

Juzi mjukuu wa dada yangu alikuja kuniaga. Anakwenda Dubai siku tano, kazini kwao wamempeleka. Nikamuuliza amejiandaaje kwa fedha. Akatoa simu, akaigonga kwa kucha yake ndefu, akaniambia, bibi, kila kitu kimo humu. Nikamwambia haya, na hiyo simu ikizima? Akacheka mpaka akashika mlango. Nami nilicheka naye, nikamwombea dua ya safari, akaenda zake. Kisha nikakaa peke yangu barazani, nikaona machozi yananitoka.

Kwa hiyo nisikilizeni, nyinyi mnaopanda ndege leo na kurudi Ijumaa. Mimi nimekaa nyuma ya kioo cha duka la kubadilishia fedha hapa Bagamoyo mjini tangu sijaolewa mpaka nimekuwa bibi. Duka lenyewe halipo tena. Mwenyewe alizeeka, masharti yakawa makali, wateja wakahamia benki na kwenye hizo simu zenu, na sasa pale wanauza mapazia. Sina ninachouza. Nina ya kusema tu, na mengine yananikera bado.

Aliyenifundisha kazi alikuwa Mzee Fadhili, mtu wa Kaole, mkali kama pilipili mbuzi na mwenye huruma aliyokuwa anaificha. Alikuwa akishika noti anaikunja kidogo karibu na sikio, anasikiliza mlio wake kabla ya kuitazama. Wateja walimdhania mganga. Siku yangu ya kwanza alinikataza kuhesabu safari ya mtu kuanzia kuondoka. Alisema kila msafiri anawaza kwenda, wa kumuwazia kurudi ni sisi. Basi tulianzia mwisho. Ukitua Dar es Salaam, nauli ya kukufikisha nyumbani unayo? Nayo iwe shilingi, iwe imekaa peke yake tangu siku uliyoondoka. Ukifika nyumbani utakuta ukumbi umejaa watu waliokuja kukupa pole ya safari, na watu hao watakula. Umeweka ya chakula chao? Hapo ndipo tuliporudi nyuma, siku ya mwisho ugenini, ya kabla yake, mpaka tukafika siku ya kupanda ndege. Nimewaona watu waliorudi na masanduku matatu, wanakopa nauli kwa mpagazi.

Mengine ni madogo, lakini yanauma. Noti kubwa za dola zina bei nzuri kuliko ndogo, ila usibebe kubwa tupu. Mpe dereva wa teksi wa ugenini noti ya mia, chenji utaisikia kwenye bomba. Uwanja wa ndege badilisha ya kukufikisha unapolala tu, kwa maana bei yao pale ni ya mtu asiye na njia nyingine. Sarafu zimalize huko huko kwa maji na peremende, maana hapa hakuna atakayezinunua. Na noti za dola za zamani, zile za kichwa kidogo ambazo wengi huzikataa, usikubali kupewa hata na shemeji yako. Shemeji ndiye hasa anayekupa.

Tena msizitie marashi. Mnacheka, lakini haya ni yetu sisi watu wa pwani, sijasikia kwingine. Ilikuja familia moja, bibi yao anakwenda umra. Dola walikuwa wamezinunua kwetu wiki iliyopita, safi kabisa. Wakazisomea dua, wakazifukiza udi, na shangazi mmoja kwa mapenzi yake akazipaka mafuta ya udi, noti moja moja. Zikarudi kwetu zina madoa kama karatasi ya vitumbua. Benki imezikataa, na safari ni keshokutwa. Mzee Fadhili alizinusa, akasema zinanukia pepo, lakini duniani hazipiti. Alihangaika nazo siku nzima kwa wafanyabiashara aliowajua, akapata wa kuzichukua kwa hasara. Bibi alikwenda. Shangazi hakusemeshwa mpaka bibi aliporudi.

Sasa nifike pale ninapopaogopa.

Kila safari inahitaji fungu la kukwama. Ukiugua, ukiibiwa, ndege ikiahirishwa. Hili halina mjadala. Lakini nenda kamwambie mtu wa huku, anayeondoka kesho na nguo mpya, kwamba atenge fedha za balaa. Atakuona unamletea uchuro. Mama mmoja alinyanyuka akaenda kubadilishia duka jingine kwa sababu nilitamka neno ajali. Mzee Fadhili ndiye aliyetafuta njia. Alikuwa akiuliza hivi, na za zawadi je? Hapo kila mtu anafunguka. Nani atarudi kutoka ng'ambo mikono mitupu, aonekane na majirani? Watu wanataja wajukuu, wakwe, mwalimu wa madrasa, mwenye duka anayewakopesha. Fungu linajaa lenyewe. Mzee Fadhili analifunga mbali na mengine, anawaambia hili lisiguswe mpaka siku ya kurudi. Kisha, na hili alilisisitiza, kabla hawajatoka anamvuta kando yule atakayelishika, anamwambia ukweli. Mkikwama, ndilo hili.

Njia hiyo iliwaokoa wengi. Kijana mmoja wa Vigwaza aliibiwa Nairobi mpaka viatu, akarudi kwa fungu la zawadi. Mama yake alikuja dukani kutulaumu kwamba mwanawe amerudi bila hata kitambaa. Tulimpa pole, na alipotoka tukacheka.

Mzee Salehe na mkewe Bi Tatu walitoka Mkange. Wakulima, watu wa ufuta na mikorosho, umri umekwenda. Bi Tatu alikuwa mgonjwa wa moyo, anapumua kwa kugawa, maneno matatu kisha anatua. Alipangiwa kupasuliwa India. Fedha ya hospitali ilikuwa imeshatumwa kwa benki. Waliuza ng'ombe, wakauza nusu ya shamba, watoto wakachanga, msikiti ukachanga. Waliyokuja nayo kwangu ni ya kula, kulala na kutembea wiki mbili tatu. Wakati huo Mzee Fadhili alikuwa ameshafariki na dirisha lilikuwa langu.

Nilianzia mwisho kama nilivyofundishwa, na Mzee Salehe alinifuata vizuri, mtu mwenye akili iliyotulia. Tulipofika fungu la kukwama nikasahau nafsi yangu. Labda kwa kuwa nilimwona mke anavyopumua. Nikamuuliza, baba, na ikiwa mgonjwa atahitaji kukaa zaidi, au likatokea jingine? Akainua kiganja.

"Usinichurie, mwanangu. Mke wangu anakwenda kutibiwa."

Nikaomba radhi. Nikauliza za zawadi. Uso ukamlegea, akaanza kuwataja, na alikuwa anamtazama mkewe kila jina, amuongezee. Kila aliyechanga alitaka apate chochote, hata kitambaa cha mkono. Fungu likawa nene. Nililitia kwenye kifuko cha khaki, nikampa Bi Tatu, naye akalifutika kifuani.

Mzee Salehe alitoka nje kusalimiana na mtu wa kwao aliyemwona akipita. Nikainama kwenye tundu la kioo. Nikamwambia Bi Tatu kwamba zile si za zawadi tu, ni za kuwatoa mkikwama.

Akaniuliza, "Kukwama vipi?"

Nikasema yakitokea ya kutokea. Akatua, akavuta pumzi.

"Sema wazi. Mimi siogopi uchuro. Nimelala nao."

Nikasema wazi. Mkizidisha siku, zitawalisha. Na Mungu akikuchukua, zitaanzia kukurudisha nyumbani. Akataka kujua kumrudisha maiti ni kiasi gani. Nilijua, kwa sababu nilishawahi kuwabadilishia watu fedha za kazi hiyo. Nikamwambia. Akasema basi hizi hazitoshi. Nikasema hazitoshi, ni za kuanzia, nyingine hutafutwa na walio nyumbani, mara nyingi wanauza kitu. Akauliza watauza nini. Akajijibu mwenyewe kwamba kilichobaki ni ile nusu ya shamba.

Kisha akaniambia jambo ambalo Mzee Salehe hakulitaja. Yeye mwenyewe alikuwa amekataa kwenda. Mtoto wao wa kwanza amezikwa Mkange, na yeye alitaka kulala karibu naye, si ugenini. Ndipo mumewe alipomwapia kwamba, kwa hali yoyote, atamrudisha Mkange. Kwa kiapo hicho akakubali.

"Na huyu akiapa," alisema, "hageuki."

Aliposema hivyo nilidhani anajisifia mume. Mumewe akarudi, akamshika mkono, wakatoka polepole. Niliwaombea.

Yaliyotokea huko niliyapata baadaye, kwa kinywa cha Mzee Salehe mwenyewe. Upasuaji ulipita. Siku chache Bi Tatu alikaa kitako, akanywa uji, akasema anasikia hewa inaingia mpaka tumboni. Kisha homa ikampanda, damu ikaharibika, madaktari wakambadilishia dawa na kumbadilishia tena. Mwisho wakamwita mumewe na mkalimani wa hospitali, wakamwambia kwamba hawana jipya la kumpa. Mzee Salehe hakumwambia mkewe. Alirudi chumbani akamwambia anaendelea vizuri. Bi Tatu akamjibu alhamdulillahi.

Chumba cha pili alikuwapo mama wa Tanga anamuuguza mwanawe. Walikuwa wanatembeleana kwa ajili ya Kiswahili tu, kusikia lugha yao. Huyo ndiye Bi Tatu aliyemwita siku mumewe alipokwenda kusali. Akatoa kifuko kifuani, akampa, akamtajia majina, huyu bangili, yule mtandio, imamu kofia, watoto wa fulani madaftari na kalamu za rangi. Akamwomba anunue vyote, asibakishe hata rupia, na asimwambie Mzee Salehe mpaka yeye atakapokuwa hayupo.

Bi Tatu alifariki alfajiri. Mzee Salehe alikumbuka fungu la zawadi. Mtu huyo hakuwa mjinga, alishajua moyoni kwamba fedha ile ndiyo ya kuanzia, na shamba litamalizia. Alikuwa tayari. Akalitafuta kwenye nguo za mkewe, halipo. Ndipo mama wa Tanga alipoingia analia, anaburuta masanduku mawili. Akamfikishia maneno. Tatu amesema umzike hapa hapa, uende na hivi vitu vya watu, na shamba usiliguse, hilo ni la watoto.

Hospitali haikungoja, na mzee wa watu hana kitu mkononi. Waislamu wa msikiti wa jirani walimpokea bila kumuuliza kabila wala nchi. Wanawake wao wakamuosha Bi Tatu, wakamkafini, wanaume wakamswalia, wakamzika kabla ya adhuhuri. Mzee Salehe alisema kwamba walimfanyia wema ambao hawezi kuulipa, na kwamba alitamani wangemfukuza, apate wa kumkasirikia.

Akanipata mimi.

Alikuja dirishani na rupia chache zilizobaki katika zile za kula. Nilikuwa nimeshasikia msiba, nikainuka kumpa pole, hakuitikia. Alizisukuma zile rupia chini ya kioo, akanitazama.

"Wewe ndiye uliyemwambia."

Nikamuuliza nilimwambia nini, ingawa nilijua.

"Kwamba zile hela ni za kumrudisha. Angejua ni za zawadi tu, angezishika mpaka mwisho. Ningezikuta. Ningemrudisha kwao."

Nikamwambia, "Baba, ungeuza shamba."

"Ndiyo," akasema. "Ningeuza."

Nimetafuta jibu miaka yote hii, nikiwa napika, nikiwa nafua. Mzee Fadhili alitufundisha tuseme ukweli kwa anayeshika mfuko, na naamini ni haki, mwenye safari asifichwe safari yake. Ningerudishwa pale ningemwambia tena. Na ingeniuma vile vile. Bi Tatu alitaka kulala Mkange kuliko kitu chochote, lakini kwa zile zawadi akajinunulia asirudi, shamba libaki. Hiyo ni nafsi yake, na nani mimi wa kumpangia? Lakini mume alikuwa amesimama mbele yangu na kiapo kilichovunjwa bila yeye kukivunja, na macho yake yamekauka, na niliona aibu kuwa upande wa pili wa kioo.

Nilimbadilishia rupia zake. Kabla hajaondoka alitoa mtandio kwenye mfuko wa plastiki, rangi ya zambarau, akauweka pale. Alisema mkewe alimtajia yule mama wa Tanga na mimi pia, mwanamke wa dirishani. Mzee alisema asingeuleta, ila si wake wa kuuzuia.

Alifika mlangoni, akageuka. Sauti yake sasa ilikuwa ya mtu aliyechoka.

"Nipigie hesabu ya mtu mmoja. Kwenda kumzuru na kurudi."

Nikachukua kikokotoo. Nikaanzia mwisho, nauli ya kutoka Dar mpaka Mkange. Nikarudi nyuma, chakula, chumba cha bei ndogo, teksi ya kwenda makaburini, viza, tiketi. Nilipofika za zawadi nikasita, akaniambia hizo niruke. Nilimtajia jumla. Aliirudia kwa midomo bila sauti, akaenda.

Tangu hapo akawa anakuja kila anapouza ufuta. Mwanzo alikuwa anaweka shilingi nyumbani, na dola ikawa inapanda. Anakuja na furaha kwamba amefika nusu, nami ndiye ninayelazimika kumwambia kwamba nusu imeshakuwa theluthi. Mwisho nilimgombeza kama mwanangu. Nikamwambia ukipata nunua dola siku hiyo hiyo, hata iwe ishirini, safari yako inauzwa kwa dola, basi akiba yako iwe dola. Vijana, hili lishikeni. Fedha ya safari ikae katika fedha ya safari. Alinisikia. Akawa ananunua, ishirini, hamsini, mwaka wa mvua nzuri akanunua mia.

Hatukuzungumza tena yale ya lawama. Alikuwa ananiamkia kabla sijamuamkia, mtu mzima vile, nami naona haya kuitikia. Siku moja aliniuliza kama akifika atalijua kaburi. Nikamuuliza likoje. Akasema liko karibu na ukuta, kuna mti unamwaga maua ya manjano, yeye aliweka jiwe upande wa kichwani. Nikamwambia utalijua. Akasema miti wanaikata, na mawe watu wanayahamisha. Kisha akaniuliza bei ya leo ni ngapi.

Msimu mmoja hakuja. Ulipokuwa unakwisha akaja mwanamke, kitambaa cheupe kichwani, uso wa Bi Tatu kabisa, hata ule mtindo wa kutua katikati ya maneno, ingawa yeye haumwi. Akanisalimu shikamoo mama, nikaitikia. Akasema yeye ni Mwajuma wa Mkange, baba yao amewatoka, homa ya siku tatu, na wanafanya khitma ya arobaini. Katika nguo za mzee wamekuta dola, wameambiwa hapa zinanunuliwa.

Nilizipokea. Nikazihesabu, na nilipofika mwisho nikachukua kikokotoo. Zilikuwa zimetimia. Zimetimia na kuzidi kidogo, hata nikifanya kwa bei ya tiketi ya siku ile. Alikuwa anaweza kwenda. Bado kulipia tu.

Mwajuma aliona nazikodolea macho, akaogopa, akauliza kama ni za bandia. Nikasema hapana, ni nzuri zote.

"Baba alikuwa anaziweka za nini?" akauliza. "Sisi tulikuwa tunamsema, paa linavuja, yeye anasema hana kitu."

Nikamwambia. Za kwenda kwa mama yenu, kumzuru, na kurudi.

Alishika ukingo wa dirisha. Watu wawili nyuma yake walikuwa wanangoja zamu, wakatazama pembeni. Nilimwambia kwamba akitaka nitamrudishia, anaweza kwenda yeye badala ya baba yake, hesabu ninayo, nitamwelekeza hatua kwa hatua. Nilisema haraka haraka, nilikuwa ninamwomba. Alifikiri. Namshuhudia kwamba alifikiri kweli. Kisha akajifuta macho kwa ncha ya kitambaa.

"Zibadilishe tu, mama. Wageni wameshaanza kufika, na mchele hatujanunua."

Nikazihesabu mara ya pili. Hesabu ya kwanza ilikuwa sawa, hata yeye aliiona, lakini nilijua kwamba nikimpa zile shilingi, Mzee Salehe hatakwenda tena.